Chungwa Moja ni Shilingi Ngapi?

Baraza hili nimelijenga kwa kalamu. Wanaoketi juu yake nimewaokota huku na huko. Maneno yao nimeyasikia kwa miaka, kila moja mahali pake, na leo nimewakutanisha mbele ya duka moja la Ngamiani, Tanga, kwenye mojawapo ya zile barabara ambazo badala ya majina zina namba. Ni jioni, msimu wa machungwa ya Muheza. Kijana wa machungwa ameegesha toroli lake kivulini. Bi Mkubwa, ambaye vitumbua vyake huutangulia mtaa kuamka, amefuata sukari. Mjukuu wake wa darasa la sita ana daftari mapajani. Mwalimu hakuwa na haja ya kusimama, alikuwa anapita zake, lakini mwalimu gani huona daftari limefunguliwa akapita?

Fumbo lililoandikwa ni hili: machungwa 6 yanauzwa kwa shilingi 900, je, machungwa 10 yatauzwa kwa shilingi ngapi? Msichana ameandika 1,500. Kilichomponza ni kulisoma kwa sauti.

MUUZA MACHUNGWA: Elfu na mia tano? Nani anauza hivyo?

MWALIMU: Usimchanganye mtoto, jibu ni sahihi. Mia tisa gawanya kwa sita, unapata mia na hamsini. Zidisha kwa kumi. Unatafuta bei ya kimoja kwanza, ndipo unaongeza idadi uitakayo.

MUUZA MACHUNGWA: Simchanganyi, Mwalimu. Hapa kwangu moja mia mbili, ukitoa buku nakupa sita. Mtu akitaka kumi, sita kwa buku, manne yaliyobaki mia nane. Elfu moja na mia nane. Tena mtu wa kumi sijawahi kumwona. Namwambia ongeza mia mbili uchukue kumi na mbili, anaongeza, anaondoka anacheka.

MWANAFUNZI: Kwa hiyo nifute?

BI MKUBWA: Usifute kitu, mjukuu wangu. Waache wapigane kwanza.

MWALIMU: Hakuna ugomvi. Kitabu kimechukulia kwamba kila chungwa lina bei sawa na mwenzake, uchukue moja, uchukue mia.

MUUZA MACHUNGWA: Kimesema wapi?

Msichana alifunua ukurasa wa nyuma, akarudi wa mbele. Hakikusema popote. Mimi nimepitia mafumbo ya namna hii tangu ya enzi zangu hadi ya watoto wangu, na sikumbuki hata moja lililolitamka sharti lake. Limekaa kimya chini ya sentensi kama jiwe chini ya maji: bei haiyumbi kwa wingi. Mtoto hulijifunza kwa kupigwa alama za kosa mpaka azoee, wala si kwa kuambiwa. Na akishazoea, huamini ndivyo dunia ilivyo.

MWENYE DUKA (kutoka nyuma ya nondo za dirisha): Na umeme wa LUKU je, Mwalimu? Hapa nauza kila siku. Mtu wa D1, mwenye matumizi madogo, uniti moja shilingi mia kabla ya kodi na makato. Uniti hamsini ni elfu tano. Haya mtoto, uniti mia ni shilingi ngapi?

MWANAFUNZI: Elfu kumi.

MWENYE DUKA: Elfu kumi na sita, mia mbili na hamsini! Ukivuka uniti sabini na tano ndani ya mwezi, kila inayozidi ni mia tatu na hamsini.

Nilipiga hesabu pembeni. Uniti 75 kwa 100 ni 7,500, uniti 25 kwa 350 ni 8,750, jumla 16,250. Yuko sawa. Na ona mambo mawili yanavyokwenda kinyume: chungwa hushuka bei ukiongeza idadi kwa sababu kijana anataka toroli litoke tupu, umeme hupanda ukiongeza kwa sababu aliyepanga bei alitaka mwenye taa mbili na redio asilipe sawa na mwenye jokofu na pasi. Kila bei ina nia ya mtu nyuma yake. Fumbo la kitabuni halina mtu.

MWALIMU: Mmemaliza? Sasa nisikilizeni. Huyo wa uniti mia amelipa elfu kumi na sita na ushei. Gawanya kwa mia: kila uniti imemfikia kwa shilingi mia na sitini na mbili na nusu. Jirani yake wa uniti hamsini, mia. Mmejuaje kwamba bei imepanda? Mmegawanya! Kijana, buku kwa sita, chungwa limeshuka hadi kama mia na sitini na saba. Umejuaje kwamba unampunguzia mteja? Umegawanya, hata kama hukuandika. Bei ya kimoja si ahadi ya kwamba utauziwa hivyo. Ni rula. Rula haisemi mbao zote zina urefu mmoja.

Hapa mimi mwandishi nampa Mwalimu haki yake yote. Tatizo ni kwamba rula hii shuleni tunaitoa kama ndiyo mbao.

Kijana wa machungwa hakukubali kushindwa kirahisi. Alifuta kisu, akatoa fumbo lake: maembe saba kwa buku, maembe ishirini na moja kwa bei gani? Msichana alianza kama alivyofundishwa. Elfu moja kugawanya kwa saba: 142.857142, na tarakimu zinaendelea kujirudia zisifike mwisho. Akakadiria 143. Akazidisha kwa 21. Akapata 3,003.

MUUZA MACHUNGWA: Hizo shilingi tatu atazitoa wapi? Kuna sarafu ya shilingi tatu? Saba, kumi na nne, ishirini na moja. Mafungu matatu, buku tatu.

MWALIMU: Jibu ni sahihi. Ila kwenye mtihani ningekunyima alama za njia.

MUUZA MACHUNGWA: Ulininyima, Mwalimu. Si wewe, mwenzio. Nilikuwa na jibu, sina njia. Nikaonekana nimetazamia.

Njia yake lakini ina ukoo. Katika karne ya 9 huko Baghdad, al-Khwarizmi aliandika kitabu ambacho jina lake ndilo lililotupa neno aljebra, na ndani yake akaweka sura ya muamalat, yaani mambo ya kuuziana na kuajiriana. Neno hilo tunalo: muamala, lile lile linaloingia kwenye simu kila ukituma pesa. Alisema kila biashara ya namna hii ina namba nne, tatu zinajulikana na moja inatafutwa; mojawapo ya zile nne aliiita kwa neno ambalo kwetu limekuwa thamani. Mfano wake: kumi kwa sita, je, kwa nne utapata ngapi? Hatafuti bei ya kimoja hata kidogo. Anazidisha kumi kwa nne, arobaini, ndipo anagawanya kwa sita: sita na theluthi mbili. Kuzidisha mbele, kugawanya nyuma. Mpe maembe yetu: 1,000 mara 21 ni 21,000, gawanya kwa 7, ni 3,000 kamili, na shilingi tatu za uzushi hazizaliwi. Anayemlazimisha mtoto apitie bei ya kimoja kila mara anampitisha kwenye desimali isiyo na mwisho wakati barabara ya moja kwa moja ipo.

Na kuna yule mtoto wa Recife, Brazil. Watafiti watatu, Terezinha Nunes Carraher, David Carraher na Analúcia Schliemann, waliandika mwaka 1985 kuhusu watoto watano wauzaji wa mitaani waliowaendea kama wateja. Mmoja alikuwa anauza nazi, moja kwa cruzeiro 35. Nataka kumi, akaambiwa. Mtoto akahesabu kwa mdomo: tatu ni 105, tatu nyingine zinafika 210, akaenda hadi 315, akamalizia na moja, 350. Mwalimu yeyote angemwambia aweke sifuri tu mwishoni. Lakini tatu tatu ndivyo alivyozoea kuuza, na ile bei ya tatu alikuwa nayo kichwani tayari. Palepale pa biashara watoto hao walipata maswali 98 katika kila 100. Walipoletewa baadaye maswali ya aina hiyo kwenye karatasi, ya mafumbo walipata kama 74 katika 100, na yale ya tarakimu tupu 37. Vichwa ni vile vile.

Nilipowasimulia hayo, kijana alifurahi kama aliyeletewa cheti chake. Mwalimu hakufurahi.

MWALIMU: Nazi na maembe yanakubali mafungu. Nikupe ya dukani. Sabuni ya unga: pakiti ya gramu mia tatu na hamsini kwa elfu moja na mia tatu, na ya gramu mia nane kwa elfu mbili na mia tisa. Ipi rahisi? Fanya mafungu.

Kimya. Kisu kikazunguka chungwa zima, ganda likashuka utepe mmoja bila kukatika. Nilidhani amekwama.

MUUZA MACHUNGWA: Niipime kwa mia mia. Ile ndogo ni mia tatu na nusu ya mia. Elfu na mia tatu kwa tatu na nusu... mia tatu sabini na kitu. Kubwa ni mia nane, mafungu manane ya mia. Elfu mbili na mia tisa kwa nane... mia tatu sitini na kitu. Kubwa rahisi. Lakini kidogo sana, Mwalimu. Shilingi tisa.

Kwa gramu mia, 371 na 362. Mwalimu alimtazama muda, kisha akamwuliza kwa nini alichagua mia. Akasema gramu moja ni chembe, mtu hawezi kuiona, na kilo ni nyingi, hakuna anayefua kilo. Hakuna aliyemfundisha, na hilo ndilo linalonifanya niandike makala hii nzima. Kugawanya ni kazi ya kikokotoo, na kila simu inacho. Kazi ya mtu ni ile iliyotangulia: kuamua kimoja chako ni nini. Kitabu humfanyia mtoto uamuzi huo kabla hajaketi, kwa kumwambia chungwa moja, kalamu moja, daftari moja, kisha kinamwachia kazi ya mashine.

MWALIMU: Bi Mkubwa, wewe nilikuwa nakutafuta siku nyingi. Kila jioni nakuona na robo zako mbili za sukari. Robo mia nane, kwa hiyo kilo unainunua elfu tatu na mia mbili. Kilo nzima hapa hapa ni elfu tatu. Mfuko wa kilo hamsini ni laki moja na thelathini na tano, kila kilo elfu mbili na mia saba. Unatupa mia tano kwa kila kilo, mama yangu.

BI MKUBWA: Umemaliza, mwanangu? Hiyo mia tano mimi naijua kabla hujaota ndevu.

MWALIMU: Sasa mbona...

BI MKUBWA: Natumia nusu kilo kwa siku. Mfuko ni siku mia. Mia tano mara hamsini, ishirini na tano elfu, ndiyo nitakayookoa. Si ndivyo?

MWALIMU: Ndivyo.

BI MKUBWA: Laki na thelathini na tano naitoa wapi? Kikoba. Kikoba chetu kumi katika mia kwa mwezi, inakatwa juu ya mkopo wote, haijui habari ya kurejesha kidogo kidogo. Siku mia ni miezi mitatu na ushei. Mitatu tu, riba ni arobaini elfu na mia tano. Naokoa ishirini na tano, nalipa arobaini na nusu. Nimepoteza kumi na tano na nusu, na sisimizi nimewafuga.

MWALIMU: Basi usikope. Weka mia tano kila siku.

BI MKUBWA: Siku mia mbili na sabini. Na katika siku mia mbili na sabini nyumbani kwangu hakuna atakayeumwa, hakuna atakayefiwa, hakuna sare ya shule? Wewe unaishi mtaa gani?

Hata mwenye duka alicheka. Bi Mkubwa hakucheka. Aliendelea, na sauti yake ikashuka kama anayemwambia mtu siri.

BI MKUBWA: Halafu mfuko ukiingia ndani, mtaa mzima umeuona. Jirani haombi sukari kwa mtu aliyenunua robo. Kwa mwenye mfuko anaomba, na mwenye mfuko hana jibu. Kilo hamsini zako zile, mimi ningepikia arobaini. Ukigawanya, gawanya kwa arobaini.

Laki na thelathini na tano kwa arobaini ni 3,375. Ghali kuliko robo. Mwalimu alikuwa ameshatoa kalamu na nilimwona anaandika pambizoni mwa gazeti. Alipofika kwenye jibu, akairudisha kalamu mfukoni.

BI MKUBWA: Na mimi kimoja changu si kilo. Mimi siuzi kilo, nauza vitumbua. Nusu kilo inatoka vitumbua themanini. Kwa robo, sukari ya kitumbua kimoja ni shilingi ishirini. Kwa mfuko wako ni kama kumi na saba. Tofauti shilingi tatu, na kitumbua nauza mia mbili. Siku nzima ni mia mbili na hamsini. Kimoja kikiungua, tumelingana karibu. Mimi naangalia moto.

Sitaki msomaji aondoke hapa anapiga makofi kwa hekima ya umaskini. Mia tano kwa kilo ni pesa ya kweli, na inatoka mfukoni kwa asiyenayo kwenda kwa anayenayo kidogo zaidi. Wakenya wameutungia uchumi huu jina, kadogo, na jina zuri lina hatari yake: hufanya jambo gumu lionekane la kupendeza. Bi Mkubwa hesabu zake ni timamu, na bado analipa zaidi. Mambo hayo mawili hukaa nyumba moja bila kugombana.

MWENYE DUKA: Na msinitazame mimi kama mwizi. Mfuko wa kilo hamsini sijawahi kutoa robo mia mbili. Mzani unainama, punje zinamwagika, mfuko wa kufungia nanunua, na kuna daftari la madeni ambalo nusu yake imehama mtaa.

MWALIMU: Nakubali yote. Lakini niambieni nimfundisheje mtoto wa miaka kumi na miwili. Nikiweka kikoba, jirani, sisimizi na moto ndani ya fumbo moja, kugawanya atajifunza lini?

Hilo ndilo swali zuri kuliko yote yaliyoulizwa jioni ile na hakuna aliyelijibu vizuri, mimi nikiwemo. Nilichoweza kusema ni kwamba fumbo likae fupi kama lilivyo, ila baada ya 1,500 mtoto aulizwe swali moja zaidi: hii ni kweli lini? Aseme, ni kweli kama bei ya kila chungwa ni ile ile. Dakika mbili hazizidi. Mwalimu alisema dakika mbili mara watoto tisini hazipo. Sikuwa na la kuongeza.

MWANAFUNZI: Ni kama bando.

Wote wakamgeukia. Akaona haya, lakini akaeleza. Kaka yake hununua bando la mwezi, MB 10,000 kwa elfu ishirini, anajisifu kwamba kila MB ni shilingi mbili wakati wenzake wa bando la siku wanapata MB 400 kwa buku, yaani mbili na nusu. Lakini mwezi ukiisha anabakiwa na MB 4,000 zinazokufa. Kwa hiyo alitumia 6,000 tu. Elfu ishirini kwa elfu sita ni zaidi ya shilingi tatu. Bibi yake alimpapasa kichwa. Kilichonunuliwa na kilicholiwa havina bei moja, na mtoto amelifikia hilo peke yake akiwa amekaa juu ya ngazi ya saruji.

Upo upande mwingine wa jambo hili ambao ni mbaya zaidi, pale ambapo kimoja chenyewe kinabadilika huku jina lake limesimama. Wazee wa pwani walipima nafaka kwa kibaba, vibaba viwili kisaga, visaga viwili pishi, na hawakusema kibaba wakanyamaza. Walisema cha tele au cha mfuto: kilichojazwa mpaka kikavaa kilemba, au kilichopitishwa mkono juu kikawa sawasawa. Ulimi ulikuwa umeshajua kwamba bei bila kujua tele au mfuto haijawa bei bado. Kurani nayo ina sura nzima, ya 83, Al-Mutaffifin, iliyopewa jina la wanaopunja vipimo. Leo tuna sado, lile kopo la rangi la lita nne, na ugomvi ni ule ule: sado la nyanya kutoka shambani lina mlima, likifika sokoni lina bonde.

Mbaya kuliko sado ni lumbesa. Mkulima wa viazi au vitunguu anaambiwa gunia ni elfu sitini. Anawaza debe sita, kila debe elfu kumi. Mnunuzi anashonea wavu juu ya mdomo wa gunia, anapandisha mpaka linakuwa na kichwa na shingo, debe nane. Bado ni gunia moja, bado ni elfu sitini. Debe limeshuka hadi elfu saba na mia tano na hakuna aliyetamka neno punguzo. Wakala wa Vipimo wamekuwa wakilipiga vita jambo hili miaka nenda rudi, kwa sheria na kwa mizani, na lumbesa bado inapanda lori.

MWENYE DUKA: Wakubwa nao wana lumbesa yao, ya kinyume. Wanapunguza ndani.

Ni kweli, na si kwetu tu. Mwaka 2016 chokoleti ya Toblerone iliyouzwa Uingereza kwa gramu 170 ilirudi dukani na gramu 150, vile vilele vyake vikiwa vimeachana kama meno ya mzee. Mwalimu alilidaka hilo mara moja. Tuseme bei haikuguswa, bei ya gramu imepanda kwa asilimia ngapi? Msichana akasema ishirini katika mia na sabini, karibu kumi na mbili. Mwalimu akatikisa kichwa: kumi na tatu na kidogo. Akaona sote hatumwamini.

MWALIMU: Mkate nikiukata nusu nikauza kwa bei ile ile, umepungua kwa hamsini katika mia. Bei imepanda kwa hamsini? Imepanda mara mbili. Ukipunguza kitu, kile unachogawanyia kimekuwa kidogo, kwa hiyo bei inaruka zaidi kuliko upungufu unaouona. Hao wanaopunguza wanalijua hilo. Wewe usipolijua, ni lao.

Kwa mara ya kwanza jioni ile hata kijana wa machungwa alinyamaza kwa heshima. Nami nilitaja kwamba Umoja wa Ulaya ulitoa agizo mwaka 1998 kuwa bidhaa dukani iandikwe bei yake na pia bei ya kilo au lita, ili mnunuzi asihitaji kugawanya.

MWENYE DUKA: Mimi niandike bei ya kilo? Hiyo pakiti ya pilipili manga ni gramu kumi, mia tano. Niandike elfu hamsini? Watu watazimia hapo mlangoni.

BI MKUBWA: Andika. Tuzimie tukiwa tunajua.

Adhana ya magharibi ilikuwa karibu, Mwalimu akakumbuka safari yake. Akasema, ili asiondoke mikono mitupu, apewe machungwa kumi. Elfu moja na mia nane, akaambiwa, au ongeza mia mbili uchukue kumi na mbili. Akajipapasa. Alikuwa na elfu na mia tano, noti na sarafu, pesa kamili ya jibu la kitabu.

Kijana alihesabu sita kwa buku. Akaweka mawili, mia nne. Ikabaki mia moja, na mia moja ya kurudisha hakuwa nayo. Akapekua chini ya toroli, akachagua dogo lenye doa, akaliweka juu ya mengine. Tisa.

Msichana alikuwa bado ameshika kalamu.

MWANAFUNZI: Sasa chungwa moja limekuwa shilingi ngapi?

MUUZA MACHUNGWA: Lipi?